Misumari Kumi na Minne

Kwanza ilikuwa harufu. Picha ilikuwa ya kale, rangi yake imekauka kabla babu wa fundi wa fremu hajazaliwa, lakini karakana nzima ilinuka mafuta ya rangi kana kwamba mchoraji ametoka sasa hivi kunawa mikono.

Shemeji yake, kaka wa mkewe, ndiye aliyeileta, imeviringishwa ndani ya bomba la plastiki. Aliikata kwa wembe ukutani mwa jumba la makumbusho, mbio mbio, bila kubakiza kitambaa cha kukunjia nyuma ya mbao za fremu. Fundi alikuwa hajawahi kugusa mali ya wizi. Alikubali kuitia fremu kwa sababu shemeji ni shemeji, na kwa sababu picha ilikuwa nzuri mno: mwanamke ameketi kitini, mikono imelala mapajani, midomo imefumba, miguu mitupu. Ili apate pindo, aliikunja miguu ile nyuma ya ubao akaipigilia misumari kumi na minne.

Kesho yake mkewe alishindwa kusimama.

"Kama nachomwa, mwenzangu," alinong'ona, amebana magoti kwa mikono miwili. Mwenzangu, ndivyo alivyomwita mumewe kwa miaka ishirini na sita. Daktari hakuona kitu.

Siku ya tatu, adhuhuri, nyumba ikiwa kimya, fundi alisikia kitu kikijiburuta sakafuni kutoka karakana, kikapita koridoni polepole kama gunia lililolowa, kikafika mlangoni kwa mkewe, kikatulia, kikavuta pumzi ndefu, na harufu ya mafuta ikajaa hadi jikoni, naye amesimama na kikombe mkononi, asithubutu hata kukiweka chini.

Alimpigia shemeji. Shemeji alicheka, akamwambia amenusa gundi kupita kiasi, asimletee habari za majini. Kisha sauti ikashuka.

"Nilipoikata ililia. Nikajipa moyo kuwa ni kitambaa."

Fundi aliilaza picha kifudifudi mezani, akashika koleo. Kila msumari ulipong'oka mkewe alipiga ukelele kule chumbani, na kila ukelele ulikuwa hafifu kuliko uliotangulia, naye akajiambia hayo ni maumivu yanaisha, akaendelea, kumi, kumi na moja, jasho likimdondokea kwenye kitambaa, mpaka wa kumi na nne ulipotoka na nyumba ikanyamaza.

Halafu akasikia nyayo. Nyepesi, za miguu mitupu, zikija.

Mkewe alisimama mlangoni, wima, anatabasamu. Fundi alitokwa na machozi. Alimkumbatia, na nywele zake zilinuka mafuta ya rangi.

"Asante, fundi," alisema.

Fundi alimwachia. Alirudi mezani, akaigeuza picha. Mwanamke wa kitini alikuwa amebana magoti kwa mikono miwili, na midomo yake sasa ilikuwa wazi kidogo, kama mtu aliyeanza kumwita mwenzake.