Sihami kwa Hisani

Duka la fotokopi lililotazamana na mahakama ya kazi lilikuwa limefurika, mawakili na wadai wakibanana bega kwa bega. Mpima ardhi wa manispaa, ramani kwapani na matope kwenye buti, aligeuka ghafla, kiwiko chake kikamwaga karatasi za muuguzi mmoja aliyevaa gauni la manjano na viatu vyeupe vya wodini. Akachutama kuziokota.

“Kumbe unahamishwa,” alisema.

“Nimeamriwa kuhama. Kuhama bado. Na karatasi za watu hazisomwi, Bwana Ramani.”

Mpima ardhi alimsindikiza hadi mlango wa mahakama, na njiani akasimuliwa yote. Muuguzi aliwaambia wakaguzi kwamba katika wodi ya uzazi akina mama wanalala wawili wawili kitanda kimoja na glavu hakuna. Haukupita muda, akapangiwa zahanati ya mpakani, bila sababu wala kusikilizwa. Wenzake walimshauri afungashe virago, maana serikali haishtakiwi ikashindwa. Yeye akaenda kushtaki.

Mvua zilipokatika, walikuwa wakipigiana simu kila jioni, huyu “mpenzi”, yule “roho yangu”. Ila jambo moja mpima ardhi hakulisema: katibu wa hospitali aliyetia saini uhamisho ule alikuwa mjomba wake, aliyemsomesha tangu baba yake alipofariki. Yeye aliona ni bahati. Akamfuata mjomba, akambembeleza, mjomba akacheka na kukubali kumpeleka muuguzi kliniki ya hapahapa mjini, mradi afute kesi.

Habari hiyo aliipeleka kwa simu kama zawadi.

“Yameisha, mpenzi. Unabaki mjini. Futa kesi tu.”

“Kasema nani?”

“Katibu. Ni mjomba wangu, nimemwomba.”



“Mimi nasimama kortini nasema nimeonewa, wewe unampigia mjomba wako magoti pembeni. Sihami kwa hisani, na wala sibaki kwa hisani.”

Simu ikakatika, na tangu hapo haikupokelewa tena.

Mwanzoni mpima ardhi alikasirika. Kwani kupenda si kusaidiana? Kisha yakamrudia maneno ambayo mjomba aliyatamka siku ile ya kubembelezwa, naye mpima ardhi akacheka ili kumpendeza: anayeropoka mbele ya wakaguzi hupelekwa mbali, wengine wapate funzo. Kortini ofisi ilikuwa ikidai kwamba mpakani kuna upungufu wa wauguzi, basi. Ukweli ulikuwa masikioni mwake peke yake.

Alipomweleza mama yake kwamba amejiandikisha kortini kuwa shahidi, mama alilia. Alimkumbusha ni mkono wa nani uliomlisha.

“Sijasahau, mama. Lakini ndio mkono huohuo unaomchapa mtu kwa kusema kweli.”

Siku ya kesi, gauni la manjano lilikuwa benchi la mbele. Halikugeuka mpaka jina la shahidi lilipoitwa. Jaji akamuuliza katibu ni nani kwake.

“Mjomba wangu, mheshimiwa. Kaka wa mama. Alinisomesha.”

Akayarudia maneno yote, pamoja na kicheko chake mwenyewe.

Jaji alitengua uhamisho. Alisema kituo cha kazi si fimbo ya kumchapia mtumishi. Mjomba akampita kwenye ngazi za nje ya mahakama bila salamu, na mpima ardhi akabaki akitazama buti zake.

“Hata kile kicheko umekisema,” sauti ikatoka nyuma yake.

“Nacho kilikuwa ushahidi.”

“Kiliniuma kuliko uhamisho.”

“Najua. Nisamehe, roho yangu. Mjomba ndiye angekuja kwenu kuniposea. Sasa sina wa kumtuma.”

Muuguzi akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu simu ile.

“Bado hujajifunza tu? Mambo yangu hayaombwi pembeni. Sema mwenyewe, hapahapa, watu wasikie.”

Akaweka ramani chini, akasema, kwa sauti kubwa mpaka foleni yote ya duka la fotokopi ikageuka kutazama.