Neno Lililodondoka Mstarini

Kila asubuhi, kabla kengele haijagongwa, Gati alikuwa ameshafika shuleni na fagio lake mkononi. Alikuwa kiranja wa usafi wa darasa la sita, na ukiranja ulimkaa vizuri kama sketi iliyoshonwa kwa vipimo vyake. Alijua nani amefagia na nani amejificha nyuma ya choo akingoja wenzake wamalize. Walimu wakitaka kujua jambo, walimwita Gati. Gati naye, Mungu amsamehe, alipenda sana kuitwa.

Shule yao ilikuwa upande wa Machochwe, wilaya ya Serengeti, pale ambapo mashamba yanaishia na hifadhi inaanzia. Mahindi ya shamba la shule ndiyo yaliyopikiwa uji wa wanafunzi, na tembo nao walikuwa wameshajua hivyo. Kwa sababu hiyo shule ilikuwa na tochi moja kubwa ya kuchaji, yenye mwanga mkali wa kuwafukuza. Usiku ilikaa kwa mlinzi, mzee Machage. Mchana ilikaa ofisini kwa mwalimu mkuu, juu ya kabati.

Jumatatu moja ya ukungu, Gati alipeleka taka kwenye shimo lililo ng'ambo ya uwanja wa mpira. Alipoinua uso akaona mtu mwenye umbo dogo akitoka ofisini. Mtu huyo alivaa sweta ya bluu ya shule, na alikuwa ameshika kitu chini ya sweta hiyo. Akakata kona ya jengo akapotea. Gati akamwaga taka, akarudi kufagia, wala hakulifikiria tena jambo hilo.

Ilipofika saa nne, tochi haikuonekana. Mwalimu mkuu, Mwalimu Honoratha, aliita shule nzima mstarini. Alisema kwamba alipofungua ofisi alfajiri tochi ilikuwepo juu ya kabati, na sasa haipo. Juzi tu tembo walikuwa wamelala katika shamba la jirani, wakaliacha limelazwa kama mkeka.

"Bila tochi ile, msimu huu mtakunywa uji wa maji matupu," alisema. "Nani ameona mtu akiingia au kutoka ofisini kwangu?"

Gati akanyoosha mkono. "Mimi, mwalimu. Nimeona mvulana mwenye sweta akitoka. Alikuwa ameficha kitu."

"Mvulana gani?"

Kama angesema, "Sikumtambua," mambo yangeishia hapo. Lakini shule nzima ilikuwa imemgeukia, na kiranja asiyejua ni kiranja gani? Nyuma yake mtu akanong'ona, "Si Heche huyo?" Jina lilipomwingia Gati masikioni, yule mtu wa ukunguni akapata sura.

"Ni kama Heche," akasema.

"Sema vizuri, Gati. Ni Heche au si Heche?"

"Ni Heche, mwalimu."

Neno "kama" likadondoka pale pale mstarini, na hakuna aliyeinama kuliokota.

Heche alisoma darasa moja na Gati. Alikuwa mpole, mwenye maneno machache, na alilelewa na bibi yake, Bibi Mogesi. Kosa lake kubwa lilikuwa jina. Kwao mtoto hupewa jina la marehemu wa ukoo, naye alipewa la babu yake, na kijiji kizima kilikumbuka kwamba mzee Heche aliwahi kufungwa kwa wizi wa ng'ombe. Watu walisema jina halitembei peke yake, huja na tabia za mwenyewe. Mtoto wa nyoka ni nyoka, walisema, kisha wakaendelea na shughuli zao.

"Sikuingia ofisini, mwalimu," Heche alisema. "Nilikuwa kisimani nachota maji."

"Na nani?"

"Peke yangu."

Miguno ikapita mstarini. Heche akaambiwa arudi nyumbani, asije mpaka aje na tochi pamoja na mlezi wake. Alipopita mbele ya Gati alimtazama tu, kama mtu anayesubiri mwenzake amalize mzaha.

Siku ile Gati alisimulia habari hiyo mara nyingi, na kila aliposimulia iliongezeka mwili. Mchana, katika simulizi lake, Heche alikuwa ametazama nyuma. Jioni, nyumbani, alikuwa akichechemea, maana wiki ile Heche alikuwa na kidonda mguuni. Ajabu ni kwamba Gati hakuwa anadanganya. Akifumba macho alimwona Heche waziwazi, kidonda na yote. Mama yake akamsifu kwa kuwa na macho makali.

Mzee Machage naye tangu Jumatatu alikuwa msibani, na simu yake haikupatikana. Jumatano ikaja habari nyingine. Heche alikuwa amesema harudi tena mahali anapoitwa mwizi, na Jumamosi mjomba wake angemchukua kwenda Kerende, akapate kazi ya kuponda mawe ya dhahabu. Gati alijiambia kwamba aliyetaka mwenyewe halaumiwi. Hata hivyo uji wa saa nne hakuumaliza, akampa mdogo wake, Ryoba.

Kesho yake kipindi cha kwanza kilikuwa cha sayansi. Mwalimu wao, Mwalimu Lusekelo, alikuwa mtu wa Rungwe, mrefu, mwenye kuuliza maswali yanayoonekana ya kitoto mpaka uyajibu. Yeye ndiye pia aliyekuwa mwalimu wa ushauri nasaha shuleni. Siku hiyo alikuwa anafundisha milango ya fahamu.

"Macho yanaona?" aliuliza.

"Ndiyo, mwalimu."

"Basi leo tutayapima. Ipo sayansi inayomchunguza mtu mwenyewe: namna anavyoona, anavyokumbuka, anavyofikiri, na kwa nini anatenda hivi na si vile. Inaitwa saikolojia. Tangu kale watu walisema mengi juu ya tabia za watu, kila mmoja na lake. Ilianza kuwa sayansi pale walipokubali kupima kabla ya kusema. Unatazama, unajaribu, unarudia, unalinganisha majibu."

"Mwalimu, mtu unampima vipi?" aliuliza Joel, mchekeshaji wa darasa. "Kwa rula?"

Darasa likacheka, na mwalimu akacheka nalo. "Unampima kwa kumwuliza jambo ambalo jibu lake wewe unalijua. Njooni."

Akawapeleka mpaka kwenye shimo la taka. Ukungu ulikuwa bado haujainuka. Kule ofisini alikuwa amewapanga watoto watano wa madarasa ya chini, wote wenye sweta za bluu, watoke mmoja mmoja na kukata kona. Kila mwanafunzi alitakiwa kumnong'oneza mwalimu majina, ili mwenzake asisikie.

"Jina likikuingia sikioni, macho hulifuata," alieleza.

Gati akakaza macho. Watoto walipopita alinong'ona bila kusita. Wa tatu alimjua hasa. "Huyo ni Simon wa darasa la tano, mwalimu. Namtambua kwa mwendo wake."

Mwalimu akapunga mkono, na wale watoto wakauvuka uwanja kuja kwao. Wa tatu alipokaribia, Gati aliona kwanza kifungo cha sweta kilichoshonwa kwa uzi mweupe. Uzi ule aliushona yeye. Mtoto yule alikuwa Ryoba, mdogo wake wa tumbo moja, aliyekuja akitabasamu na kumpungia mkono.

Gati hakupunga. Kama hakuweza kumtambua Ryoba, aliyelala naye chumba kimoja, alimwonaje Heche? Akamtafuta tena kichwani yule mvulana anayechechemea. Bado alikuwepo, na sasa Gati aliona haya hata kumtazama, maana alijua ni nani aliyemtengeneza.

"Wengi mmekosa," Mwalimu Lusekelo alisema bila kumtazama mtu yeyote. "Msiyalaumu macho. Akili haipendi nafasi tupu. Ikikosa sura, huazima iliyo karibu."

Wenzake walipoondoka, Gati alibaki nyuma.

"Mwalimu, zoezi hili umelipanga kwa ajili yangu?"

"Nililipanga kwa ajili ya Heche. Na kwa ajili yangu pia. Mimi nilikuwepo mstarini, nilikusikia ukisema 'kama', nikanyamaza."

"Sikumwona Heche," Gati alisema, na machozi yakaanza kumtoka. "Niliona sweta. Mengine sijui yalitoka wapi."

"Hayo unaniambia mimi. Kwanza uliyasema wapi?"

"Mstarini."

"Basi njia unaijua."

Mdomo huponza kichwa, lakini kuna siku mdomo huo huo ndio unaotakiwa kukiokoa, na hapo huwa mzito kama jiwe la kusagia. Ijumaa asubuhi Gati alisimama mbele ya shule nzima. Alikuwa ameandaa maneno mazuri usiku kucha, yote yakamkimbia.

"Jumatatu nilisema nimemwona Heche," alianza. "Sikumwona. Niliona mtu mwenye sweta, sura yake sikuiona. Mliyosikia mengine niliyaongeza mimi. Sijui nani alichukua tochi."

Mtu mmoja akasonya. Mwingine akasema, "Kiranja mwongo." Hayo Gati aliyatarajia. Kilichomkata maini ni Ryoba, aliyeinamisha kichwa katika mstari wa darasa la nne akitazama viatu vyake, akiona aibu kwa niaba ya dada yake.

Mwalimu Honoratha akasogea mbele, akasimama kando ya Gati. "Na mimi nina langu," alisema. "Gati aliniambia 'kama', nikamlazimisha achague. Hili ni letu sote wawili, na tutalipeleka pamoja kwa Heche."

Jioni hiyo wakaenda kwa Bibi Mogesi, walimu wawili na Gati katikati. Heche alikuwa uani akifunga nguo zake katika mfuko wa salfeti wa kuwekea nafaka. Bibi alikuwa anaanua ulezi.

"Shikamoo, bibi," Gati alisema.

Bibi aliendelea kukusanya ulezi wake mpaka akamaliza, ndipo akajibu. "Marahaba." Katika maisha yake yote Gati hakuwahi kungoja marahaba muda mrefu namna ile.

Akapiga magoti, akasema yote, kwanza kwa bibi, kisha kwa Heche. Heche aliendelea kukaza kamba ya mfuko.

"Mjukuu wangu huyu," Bibi Mogesi alisema, "babu yake aliiba. Sisemi hakuiba. Mimi ndiye niliyempelekea chakula gerezani. Mtoto huyu alipozaliwa wakaniambia nisimpe jina lile. Nikasema nampa, ili jina lipate mtu mwingine wa kulibeba. Alikuwa amelibeba vizuri miaka yote hii. Wewe ukaona sweta, ukamrudishia mzigo wa babu yake."

Gati alitamani ardhi ipasuke immeze, na ardhi haikupasuka.

Hapo pikipiki ikasimama nje ya boma. Akashuka mzee Machage, mlinzi wa shule, amekasirika mpaka ndevu zinatetemeka. Kwapani alikuwa ameishika ile tochi.

"Nani amesema Heche ni mwizi?" aliuliza, hata salamu akasahau. "Natoka msibani Sirari, dada yangu amefariki. Napita dukani kwa Evodius kuchukua tochi niliyoacha kwenye chaji, nikitoka nayo wapita njia wananiambia imeibwa. Imeibwa vipi? Jumatatu nilirudi ofisini nikaichukua mwenyewe, nikaifunika isilowe ukungu. Nikaiacha dukani, ndipo nikapigiwa simu ya msiba, nikaondoka mbio. Simu yenyewe ikazima njiani."

Wote walikuwa wanatazama kifua chake. Mzee Machage alikuwa mfupi, mwembamba, na juu ya shati lake alivaa sweta ya bluu ya shule yenye kiwiko kilichochanika.

"Ya mjukuu wangu aliyemaliza la saba," alisema, akijitazama. "Baridi haichagui. Kuna nini?"

Heche ndiye aliyetangulia kusema. "Gati, hivi mimi nafanana na mzee Machage?"

Bibi Mogesi akacheka mpaka akashika mbavu, walimu wakacheka, na mzee naye akacheka bila kujua anacheka nini. Gati alicheka huku analia. Mvulana wake wa ukunguni, mwenye kidonda na macho ya wizi, alikuwa babu wa mvi anayetoka kazini.

Kicheko kilipotulia, Mwalimu Honoratha alimwomba Heche radhi kwa mdomo wake mwenyewe, akaahidi kurudia mstarini. Bibi akachukua ule mfuko wa salfeti, akaufungua mwenyewe, akarudisha nguo ndani ya nyumba. Safari ya Kerende ikaishia hapo.

Wakiwa njiani kurudi, Mwalimu Lusekelo alitembea sambamba na Gati.

"Wenzangu walikuwa wanatafuta tochi," alisema. "Mimi tangu Jumatatu nilikuwa natafuta lile neno lako dogo. Sayansi yote ya mtu imesimama juu ya neno hilo. Ulichokiona, sema umekiona. Usichokijua, sema hukijui. Katikati ya hayo mawili weka 'kama', ulishike neno hilo mpaka upime. Na ukimpima mtu, mpime yeye mwenyewe, kwa anayoyatenda. Usimpime kwa jina lake wala kwa babu yake. Kila mtu anazaliwa mpya."

"Aibu hii itaisha lini, mwalimu?"

"Usiiharakishe iishe. Itakukumbusha."

Jumatatu iliyofuata mbuzi waliingia shuleni wakala miche ya miti. Mwalimu Honoratha akauliza mstarini ni nani aliyeacha lango wazi, na kwa mazoea macho mengi yakamgeukia kiranja. Heche alikuwa amesimama mstari wa nyuma, na Gati alijua anasikiliza.

"Mbuzi nimewaona, mwalimu," Gati alisema. "Aliyeacha lango wazi sikumwona."