Mkutano wa Kwanza wa Afande

"Legeza mabega, Afande. Hapa hakuna gwaride."

Mkuu wa polisi mstaafu alijitahidi kulegea, akashindwa. Miaka thelathini na nne ya sare haimtoki mtu kwa siku moja. Fundi cherehani aliyekuwa anampima, mjane mwenye kicheko cha karibu, alikuwa mpenzi wake mwaka sasa, na mzee mzima alikuwa hoi kwa mapenzi. Alikuwa anagombea ubunge, na suti hii ilikuwa ya mkutano wa kwanza wa kampeni. Alikuwa ameahidi kwamba siku hiyohiyo atamtambulisha jukwaani kama mchumba wake.

Asubuhi ya mkutano, mpwa wake, ambaye ndiye meneja wa kampeni, akaja na sura ya msiba.

"Mjomba, yule fundi aliwahi kulala rumande. Na aliyeamuru akamatwe ni wewe."

Kweli tupu, na wapenzi wenyewe walilijua. Miaka tisa nyuma mafundi waliandamana kupinga kuvunjiwa vibanda. Afande aliwaamuru watawanyike, wote wakatimua mbio, yule mama akabaki palepale. Mpwa alisema wapinzani wakilipata hilo, kampeni imekwisha, kwa hiyo mama afichwe mpaka kura zipigwe. Afande, aliyepambana na majambazi bila kupepesa macho, akanywea mbele ya mpwa wake. Akatuma ujumbe kwa mtindo wa ripoti, maana mwingine haujui:

"Saa 3:40 asubuhi. Unaombwa usifike mkutanoni. Sababu ni za kiusalama. Maelezo yatafuata."

Jibu likaja hapohapo:

"Maelezo yako kaandikishe kituoni."

Fundi alilia kidogo, akanawa uso, akavaa gauni lake jekundu na kwenda hukohuko alikokatazwa.

Uwanja ulifurika. Afande alipanda jukwaani, akaona umati unasukumana kuja mbele, na mazoea yakamponza.

"Wananchi, nawapa dakika tano mtawanyike."

Jamani. Sauti ile watu waliijua. Wakageuka na kuondoka mbiombio, wengine viatu mkononi, na mpwa akashika kichwa. Katikati ya uwanja akabaki mwanamke mmoja mwenye gauni jekundu.

"Mimi siondoki," akasema. "Siku ile ulinikamata. Leo utanifanya nini?"

Afande akashuka na kipaza sauti, akamwendea. Waliokimbia wakasimama kwenye uzio kusikiliza.

"Siku ile mlikuwa na haki, na nilijua," akasema. "Leo asubuhi nimekosea tena. Nimekuficha wewe, wakati anayepaswa kuona aibu ni mimi."

"Kwa hiyo?"

"Naomba unisamehe. Na kama bado unanitaka, naomba nikuoe. Ubunge wakininyima, basi."

Mpwa alikuwa amekaa chini kwenye ngazi za jukwaa. Fundi alimtazama yule mwanaume wake aliyelowa jasho ndani ya suti mpya, na hasira yote ikamwishia. Alimpenda, afanyeje?

"Nakutaka," akasema, na kipaza sauti kikasikika mpaka barabarani. "Nakutaka sana. Ila hawa watu warudishe. Usiwaamuru. Waombe."

Afande akaugeukia uzio. Tangu azaliwe hakuwahi kuuomba umati kitu.

"Ndugu zangu," akasema taratibu, mkono wa mchumba wake ukiwa mkononi mwake. "Tafadhali, rudini."

Wakarudi wakikimbia zaidi kuliko walivyoondoka.