Jina Lililofungwa Isunga

Enzi zile misafara ya pembe na watumwa ilipokuwa ikizikanyaga nchi za bara, ulikuwako mji uitwao Isunga, umezungushiwa boma la magogo na miiba. Aliyeutawala ni Mtemi Igulu. Chini yake alikuwako mkuu wa upande wa mashariki, Luhende mwana wa Kasanga, mtu wa maneno matamu na roho ya fisi.

Isunga walikuwa na mila yao. Mtu akifia porini asizikwe, jina lake lilifungwa. Hatajwi tena, wala mtoto hapewi jina lile. Anayelitaja anaikaribisha mizimu yenye njaa, naye hufukuzwa mjini. Mila ya huzuni tu, wala si mbaya. Mbaya ni aliyeitumia.

Luhende alilitamani shamba la bondeni la yatima mmoja, kijana Maige. Akamchukua kwenda kuwinda, akamuuza kwa msafara kwa nguo na baruti, kisha akarudi analia machozi ya mamba. "Simba amemla," akasema. Jina likafungwa, na maswali yote yakafungwa nalo. Utamuuliziaje mtu usiyeruhusiwa kumtaja? Laana na imfikie Luhende popote alipo! Bi Mbuke, shangazi yake Maige aliyempa jina siku ya kuzaliwa, akalia kimya kimya kama alivyoamriwa.

Huko msafarani, mkuu wao Sefu bin Hamdani, kilemba cha hariri kichwani na jambia la fedha kiunoni, aliwapanga mateka mstari.

"Jina lako?"

"Maige."

"Ndiyo nini hiyo?"

"Nzige. Nilizaliwa mwaka wa nzige."

Sefu akacheka. "Nani atanunua nzige? Wewe ni Feruzi, kito cha Waajemi. Huyu Almasi. Na yule pale Mabruki, yaani mbarikiwa."

Huyo mbarikiwa alikuwa Mmanyema, damu inamchuruzika shingoni chini ya kongwa la mti. Mbarikiwa! Watu wengine hawana haya hata ya kukopa.

Miaka ikapita. Maige akabebeshwa pembe, baadaye akapewa gobori, akawa askari wa msafara, akiitika Feruzi mdomoni tu. Siku moja akasikia Sefu anapanga kuiteka Isunga, na kwamba Luhende ameahidi kuliacha wazi lango la mashariki. Hakungoja asikie zaidi. Alitoroka akalitangulia jeshi, akafika lango kuu asubuhi, miguu imepasuka.

Walinzi wakavuta pinde. "Nani wewe?"

"Maige mwana wa Nzala! Vita vinakuja!"

Watu wakaziba masikio. Luhende akachungulia juu ya boma, uso umemshuka, lakini ulimi haukumwacha. "Msimsikilize! Ni zimwi limevaa jina la maiti. Lipigeni mishale!"

Mshale wa kwanza ukamchana bega. Maige akabaki pale pale. "Shangazi Mbuke! Kama u hai, niitikie!"

Bi Mbuke alikuwa akitwanga mtama. Aliacha mchi kinuni, akaelekea bomani. Mlinzi mmoja akamshika mkono. "Bibi, nakuomba, usijibu. Utafukuzwa na uzee wako huu, ukalale na fisi."

"Niache! Nimenyamaza mpaka koo limeota kutu." Akapanda ngazi, akapaza sauti mji mzima ukasikia. "Maige! Maige! Maige! Jina hilo nilikupa mimi. Nzige walimaliza mtama, wakaingia kwenye nyasi za paa, na mama yako kashikilia nguzo kwa uchungu. Nikasema huyu ni Maige, ili nzige wajue kuna kitu walishindwa kutunyang'anya. Fungueni lango! Zimwi gani lina shangazi?"

"Mtoeni nje huyo mwanamke!" Luhende akafoka.

Mtemi Igulu akafika kwa kelele hizo. Maige akainua shingo, akaonyesha kovu la kongwa. "Mtemi, simba hamfungi mtu kongwa. Tuma watu wakalitazame lango la mashariki."

Wakaenda, wakakuta komeo limeng'olewa. Mtemi aliamuru Maige aingizwe, Luhende akamatwe, lango liachwe vile vile, na mikuki ijipange pande zote mbili.

Jeshi la Sefu likaingia kwa kishindo, likadhani limekuta mlo umeshapakuliwa. Magobori yakalia mara moja, na kabla hayajashindiliwa tena, mikuki ikashuka. Maige akasimama katikati ya moshi, akawapigia kelele watumwa wenzake kwa Kiswahili cha msafarani: "Almasi! Mabruki! Nani kati yenu alizaliwa na Sefu? Tupeni bunduki chini, mtaje majina ya mama zenu!"

Yule Mmanyema akalitupa gobori lake chini. "Mimi ni Lusuna!" Mwingine akafuata, na mwingine, kila mtu na lugha yake, wengine wanalia kama watoto. Sefu akakimbia, kilemba kikabaki kwenye miiba.

Baada ya vita, wazee wakatoa hukumu: Luhende afukuzwe, na jina lake lifungwe milele.

Maige akaruka juu. "Mlifunge? Hiyo ndiyo adhabu, au mnamfichia aibu yake? Mimi mlinifunga miaka yote hiyo, naye akalala usingizi mnono! Mfukuzeni, lakini jina lake litajwe mpaka wajukuu wa wajukuu!"

Wazee wakabishana. Bi Mbuke ndiye aliyemaliza ubishi: "Tangu leo, Isunga haifungi jina la mtu."

Boma lile lilioza zamani. Kaburi la Mtemi Igulu hakuna anayelijua, na Sefu alikofia Mungu anajua. Lakini wanawake wa bonde lile wakitwanga, mmoja huuliza kwa kila pigo la mchi: "Nani alimuuza Maige?"

Na wenzake humjibu kwa sauti kubwa, bila huruma: "Luhende mwana wa Kasanga!"