Samaki wa Saa Nne Kamili

Saa tatu na dakika arobaini asubuhi, kama ratiba ilivyoandikwa, fisimaji wakubwa sita waliibuka upande wa kushoto wa mashua. Waliinua shingo zao zenye mabaka meupe, wakawatazama abiria kwa dakika mbili kamili, kisha wakazama kwa pamoja kama askari waliopewa amri ya kutawanyika. Dakika kumi baadaye mnyama mvivu, yule wa kucha ndefu aning'iniaye matawini, aliteremka kwenye mti ulioinamia maji, hadi usawa wa macho ya watu. Kwa tabia yake mnyama huyu huteremka mara moja tu kwa juma, tena kwa hofu. Huyu alikuwa ameteremka jana, na juzi pia.

"Amechelewa dakika moja," alisema Bwana Barongo, mfanyabiashara wa kahawa kutoka Bukoba, akitazama saa yake. "Aandikiwe barua ya onyo."

Mkewe, Bi Georgina, alimpiga kofi begani. "Wewe nawe! Kule Serengeti ulilalamika kwamba simba wamelala."

"Si walikuwa wamelala? Hapa kila mmoja anafika kazini."

Abiria walicheka. Hakucheka Mhandisi Modesta Ngwembe, aliyeketi mbele peke yake kwenye kiti cha mgeni wa heshima.

Katika miaka hiyo watu wa miji ya Afrika Mashariki walikuwa wameshiba kiasi cha kuvuka bahari kwenda kutazama wanyama wa wengine, kwa namna ileile ambayo wengine waliwahi kuja kutazama wa kwao. Kampuni ya Mto Hai iliwapokea Amazoni kwa mashua za umeme zisizo na nahodha. Chombo kiliendeshwa na akili unde iliyoitwa Msimulizi, yenye sauti ya mtangazaji mstaafu na Kiswahili kisicho na doa. Msimulizi alijua jina la kila ndege. Jambo moja tu hakuwahi kulisema, nalo ni "leo hatukuona kitu."

Jambo hilo ndilo lililomkosesha Modesta usingizi. Usiku uliopita alikuwa amesoma daftari la siku zote za safari za kampuni, elfu moja mia mbili na sita, akitafuta siku moja tupu. Hakuipata. Alikuwa amefanya utafiti porini miaka ishirini, na aliamini kwamba daftari la wanyama lisilo na siku tupu limeandikwa na mwongo, au linahusu wanyama wasio huru.

Alikuwa na sababu ya kuhofia hilo la pili. Ujanani, kule Ifakara, alibuni kifaa alichokiita kirudishi. Kilikuwa punje ya kioo, ndogo kuliko chembe ya mchele, iliyopandikizwa nyuma ya sikio la tembo. Tembo alipokaribia shamba la mpunga, punje iliamsha ndani ya ubongo wake hisia ya kushiba na hamu ya kurudi alikotoka. Mashamba yalipona bila risasi, na hakuna mkulima aliyekesha tena akipiga madebe. Baadaye Mto Hai iliomba ruhusa ya kutumia kirudishi kuwaepusha jagwa, wale chui wakubwa wa Amazoni, na vijiji vya mtoni. Modesta aliridhia. Sheria ilidai kwamba kila mwaka wa tano mbunifu afike, aone kwa macho yake, na atie saini Hati ya Mbunifu kuthibitisha kuwa chombo chake kinatumika kwa kazi iliyokusudiwa. Bila saini hiyo chombo kilizimwa. Hati ilikuwa mezani mbele yake, na kalamu juu yake.

Saa nne kamili mashua iliingia katika ziwa pana lililozungukwa na msitu. Maji yalipasuka. Samaki mwenye urefu wa mtu na nusu, magamba ya mkiani mekundu kama pilipili iliyoiva, alitoa kichwa, akavuta hewa kwa kishindo, akazama. Kisha mwingine, kisha wanane kwa mpigo.

"Huyu ni piraruku," Msimulizi alisema. "Ni samaki apumuaye hewa kama sisi. Mtazame bila haraka, atarudi."

Modesta alibonyeza saa yake. Samaki mwenye pezi lililochanika alirudi baada ya dakika nne. Kisha nne tena.

"Hawapaswi kupanda hivyo," ilisema sauti nyuma yake.

Alikuwa mhudumu wa vinywaji, mwanamume wa miaka kama sitini, mfupi, mwenye viganja vipana visivyolingana na sinia alilolishika. Alisema Kireno, na kifaa kidogo cha ukalimani sikioni mwa Modesta kikawatafsiria wote wawili.

"Wanapaswa kupanda vipi, mzee?"

"Dakika kumi, mama. Akiwa mkubwa na ametulia, hata ishirini. Dume huyu angekuwa chini analinda vifaranga, wanaogelea juu ya kichwa chake. Akipanda kila dakika nne, vifaranga wanaliwa. Mashua nane kwa siku. Piga hesabu mwenyewe, wewe si ndiye msomi?"

"Maelezo ya mhudumu hayajathibitishwa," Msimulizi alisema kwa upole.

"Hata mama yako hajathibitishwa," mzee akajibu, akaweka glasi ya maji ya pasheni mezani kwa nguvu hata ikamwagikia Hati.

Aliitwa Deusdete. Zamani hakuwa mhudumu. Katika vijiji vya mto ule ilikuwapo kazi ya mhesabu. Kila mwaka maji yalipopungua, mtu aliyepewa cheti aliketi kimya katika mtumbwi kwa dakika ishirini, akahesabu piraruku kwa jicho na kwa sikio kila walipopanda kupumua. Kisha akasogea mbele, akahesabu tena, hadi ziwa liishe. Serikali ilikiruhusu kijiji kuvua sehemu ndogo ya hesabu hiyo, na kijiji kililinda wengine. Deusdete alihesabu ziwa la Santa Quiteria kwa miaka thelathini na moja.

"Mwaka wa mwisho wa amani ulipata wangapi?" Modesta aliuliza.

"Mia nane na sabini. Mwaka uliofuata, wanne. Nikaandika wanne kwa kuwa ndio niliowasikia. Wakasema samaki hawana miguu, basi nimewauza. Mashine ya kampuni ilipita juu, ikathibitisha ziwa ni tupu. Kijiji kikafungiwa uvuvi, nami nikanyang'anywa cheti." Alifuta meza polepole. "Aliyetia saini nifukuzwe ni mwenyekiti wa wavuvi. Anaitwa Jucilene. Ni binti yangu wa kumzaa. Mwaka wa pili huu hajaniamkia."

Modesta alifungua kompyuta yake. Sheria iliilazimisha kampuni kumwachia mbunifu ufunguo wa chombo chake, na kampuni ilikuwa imemwachia, kwa kuamini kwamba wageni wa heshima huja kula. Alisoma orodha. Jagwa waliovalishwa kirudishi: watatu. Piraruku: mia nane sitini na sita. Mahali walipovalishwa: ziwa la Santa Quiteria. Amri iliyokuwa ikifanya kazi si ile aliyoiandika yeye. Mtu alikuwa ameigeuza kama linavyogeuzwa shati, mahali pa kushiba pakawekwa njaa ya hewa, na mahali pa nyumbani pakaandikwa ziwa la watalii.

Alimwonyesha Deusdete tarakimu. "Mia nane sitini na sita. Wewe ulisema mia nane na sabini. Kwa sikio tu, umekosea wanne."

Mzee aliitazama kwa dharau. "Sikukosea. Wanne hawakuwakamata."

Bwana Otavio, mkurugenzi wa kampuni, alikuja kutoka nyuma ya mashua akiwa ameshika kofia mkononi. Alikuwa mtu wa adabu, na adabu hiyo ilimchukiza Modesta kuliko uongo wake.

"Mhandisi, chakula ki tayari. Tukamilishe ile saini kwanza?"

"Uliniambia ni jagwa, ili wasiingie vijijini."

"Na jagwa hawaingii."

"Umewaiba samaki wa kijiji kizima kwa mkono wangu."

"Kuiba ni neno zito. Samaki wamehama. Wanaishi, hawavuliwi, wanapendwa na watu kutoka duniani kote. Kijiji nacho kimepata ajira." Alimwelekezea kidole Deusdete na sinia lake, bila haya, kama anayeonyesha zahanati aliyoijenga.

"Mtu huyu ameitwa mwizi."

"Si na sisi. Sisi hatukumwita chochote. Tulitoa takwimu tu."

Katika maisha yake Modesta alikuwa amesikia majangili wakijitetea, na mawaziri pia, lakini hakuwahi kusikia uovu ukinawa mikono kwa maji safi namna hiyo. Tena takwimu ile ilikuwa ya kweli. Ziwa lilikuwa tupu kweli. Kilichofichwa ni mkono ulioliondolea samaki, na mkono huo ulivaa glavu iliyoshonwa Ifakara.

Alichukua ufunguo, akaifuta amri ya kampuni, akaandika mahali pake neno moja la zamani: rudi. Chini yake akaandika kwamba samaki wakifika, punje zote zizimike, zisiwashwe tena na mtu yeyote, yeye mwenyewe akiwamo.

Ziwa lilitulia. Dakika nne zilipita, kisha sita. Bwana Barongo alisimama.

"Mbona hawaji? Mhandisi, umetuharibia matembezi! Tumesafiri siku mbili kuja kutazama maji?"

"Ndiyo," Modesta alijibu. "Hivi ndivyo yalivyo."

"Kumetokea hitilafu ndogo," Msimulizi alisema.

Bi Georgina ndiye aliyeona. Upande wa mashariki, kwenye mdomo wa mfereji uliounganisha maziwa mawili, maji yalikuwa yakiinuka na kushuka kama shuka linalokung'utwa. Migongo mirefu ilipita kwa safu, mizito, bila kishindo. "Mungu wangu," alisema. "Wanakwenda wapi?"

"Kwao," Deusdete alisema, akavua aproni.

Bwana Otavio alizungumza juu ya mahakama. Alizungumza vizuri, akitaja vifungu. Modesta alikunja Hati iliyolowa bila kuitia saini, akaitia mfukoni kama ushahidi, akamfuata mzee kwenye mtumbwi uliofungwa nyuma ya mashua.

"Unataka nikuandikie barua urudishiwe cheti?" aliuliza walipoingia kwenye mfereji.

"Barua ninazo. Niliandika kumi na mbili." Alipiga kasia mara kadhaa kabla ya kuendelea. "Nataka umwambie binti yangu. Mimi nimekwisha kusema miaka miwili, na maneno yangu hayana mhuri."

Walifika Santa Quiteria alasiri. Jucilene alikuwa kwenye gati la mbao akishona wavu ambao haukuwa na kazi. Alipomwona baba yake alisimama, wavu ukabaki umeshikwa na kidole kimoja.

"Nani huyu umemleta?"

"Naitwa Modesta Ngwembe. Ni mhandisi. Samaki wenu mia nane sitini na sita walivalishwa chombo kilichowaita waondoke. Baba yako alihesabu sawasawa, walipokuwapo na walipokosekana. Mlimtafuta mwizi. Chombo ni changu, nami nilikikodisha bila kuuliza. Hata huyu mzee aliniuliza maswali mengi kuliko niliyoiuliza kampuni."

Alinyoosha karatasi zenye orodha. Jucilene hakuzipokea.

"Karatasi ndizo zilizotufikisha hapa," alisema. "Mashine ilileta karatasi nzuri. Nikaiamini, nikamwacha aliyenifundisha kuhesabu." Sauti yake ilikuwa kavu, na macho yake hayakuhama kutoka majini, kwa kuwa hakuweza kuyapeleka kwa baba yake. "Kama wamerudi, watapumua. Sogeeni."

Aliingia mtumbwini, akaketi mbele, mahali anapoketi mhesabu. Deusdete alisukuma mtumbwi hadi katikati ya ziwa, akaweka kasia magotini. Modesta alitazama saa yake kwa mazoea, kisha akaivua. Dakika zilipita, nyingi kuliko nne, nyingi kuliko kumi. Aliona mabega ya Jucilene yakianza kuporomoka, na kwa mara ya kwanza tangu Ifakara alijikuta hana namna ya kumwamuru mnyama yeyote.

Maji yalipasuka upande wa kulia, nyuma yao. Pumzi ilivutwa, nzito na ndefu, kisha kimya.

Deusdete alikuwa amesikia kabla yao wote. Alifumba mdomo, akangoja.

"Mmoja," Jucilene alisema.

"Mmoja," baba yake akaitikia.