Paka Aliyetoka kwenye Shuka

Jioni ile, baada ya kumwagilia bustani ya shule na kufunga mbuzi wa bibi yake, Verdiana alikimbilia uwanja wa ofisi ya kijiji chao cha ujamaa, karibu na kijiji kiitwacho Ulaya. Gari la sinema lilikuwa limefika kutoka Kilosa. Shuka jeupe lilikuwa limetandazwa kati ya mianzi miwili.

Kwanza ilionyeshwa filamu ya kilimo cha pamba. Wazee wawili wakasinzia. Kisha ikaanza katuni ya paka mnene akimkimbiza bata. Paka aligonga mlango, akawa bapa kama chapati, akajikung'uta, mbio tena. Uwanja mzima uliangua kicheko. Hata bibi, aliyezoea Kisagara tu, alicheka mpaka akafuta machozi. Katuni ile haikuhitaji mkalimani.

Lakini kila paka alipofika ukingoni mwa shuka, alitoweka. "Anakwenda wapi?" Verdiana alijiuliza. Akanyata kwenda nyuma kuchungulia. Mguu ukanasa kwenye kamba, mwanzi ukaanguka, shuka likaporomoka. Mwenyekiti Makarius alikurupuka kuliinua, na paka akaendelea kukimbia juu ya shati lake jeupe!

"Mwenyekiti, unaye tumboni!" mama mmoja alipiga kelele. Watu walivunjika mbavu.

Mwenyekiti hakucheka. "Lazaro, wewe ndiye uliyekaa karibu na mwanzi. Nenda nyumbani!"

"Si mimi, baba," alisema Lazaro, mvulana mdogo. Alikuwa ametembea kutoka ng'ambo ya mto kwa ajili ya katuni hiyo.

Verdiana alijua kwamba akisema, atafukuzwa yeye. Akajitokeza.

"Shikamoo, Ndugu Mwenyekiti. Ni mimi. Nilitaka kujua paka huenda wapi."

Mwenyekiti alilitazama shati lake. Tabasamu likamponyoka. "Marahaba. Basi, alikuja kwangu! Lazaro, nisamehe mwanangu, kaa. Nawe Verdiana, mwanzi uliouangusha utaushika mpaka mwisho."

Katuni ikarudiwa. Akiwa ameukumbatia mwanzi, Verdiana hakumwona paka vizuri. Aliona nyuso: ya bibi, ya Lazaro, ya Mwenyekiti, zote zikicheka palepale walipocheka mwanzo, kana kwamba hawajaiona.

Baadaye Mwenyekiti alimgusa bega. "Ungenyamaza, uso mmoja ungekosekana pale, tena kwa kosa lisilo lake. Ukikosea, sema."

"Ndiyo, baba."

Njiani bibi aliuliza jambo moja tu: yule paka atarudi lini?