Abiria Ambaye Hakuamshwa

Kwanza ilikuwa harufu. Mke wa mhudumu wa treni, fundi cherehani, aliinua uso kutoka kwenye gauni la mteja akauliza nani kaingia na grisi ndani. Hakuna aliyeingia. Mumewe alikuwa kwenye kochi, mikono mapajani, vilevile alivyokuwa akikaa tangu treni ilipofutwa.

Treni yenyewe haikudumu hata ikazoeleka. Ilizinduliwa kwa vigelegele, ya masafa marefu, yenye vitanda, na watu wakaipanda hata wasio na safari. Ngoma ikivuma sana hupasuka. Ikaanza kuchelewa, abiria wakarudi kwenye mabasi, ikafutwa mashuka yakiwa bado mapya. Mume huyu alikuwa mhudumu wa behewa la kulala. Kazi yake kubwa ilikuwa kuamsha: kumgusa abiria mguu na kumwambia amefika.

Habari ya kufutwa iliwakuta njiani. Wenzake walilia. Yeye alikaa tu, ganzi tupu, na kwenye kituo cha mwisho hakumwamsha mtu. Abiria waliamka kwa kelele, wakashuka, isipokuwa mmoja wa chumba cha mwisho, aliyejifunika gubigubi akaelekea ukutani. Mhudumu alimwona, akampita, akaenda zake nyumbani.

Sasa mkewe akaanza kusinzia mchana kweupe, mguu ukiwa kwenye pedeli.

"We mama, cherehani imegeuka kitanda?" mume alimtania.

Mke alicheka siku hiyo. Baadaye hakucheka tena, kwa maana alilala tangu asubuhi asiamke, na kifuani mwake ukatoka mlio usio wa binadamu, chuma juu ya chuma, taratibu kwanza, kisha ukipanda kadiri jua lilivyopanda, hata vikombe vikagongana kabatini, vioo vya dirisha vikatetemeka, jirani akaita kutoka uani kuuliza wanasaga nini, na harufu ya grisi ikatapakaa mpaka kwenye maji ya kunywa.

Dada wa mke akamleta mganga, mama mmoja mwembamba aliyekataa hata kiti.

"Nani hukumshusha, baba?" alinong'ona.

Mhudumu akamweleza yote kwa sauti kavu.

"Yule alikuwa jini. Alilala akingoja umwamshe. Hukumwamsha, akakufuata. Jua likizama yumo humu, ataondoka na mkeo."

"Shemeji, fanya kitu," dada alisema.

"Nifanyeje?"

"Kama kazini," mganga alisema. "Mguse mguu. Sema, abiria, tumefika. Abiria, umesikia? Usije ukamwita mkeo. Mle ndani wamo wawili, na anayeitwa ndiye anayeshuka."

Wanawake wakatoka nje, uani. Mhudumu akapiga magoti kitandani, akaushika mguu. Ulikuwa wa baridi, na uzi wa bluu umenasa kati ya vidole, uzi wa lile gauni la mteja. Siku zote hizo hakuwa amehisi kitu. Alipouona uzi ule moyo ukampasuka, akalia kama mtoto, akampenda mkewe kuliko siku aliyomuoa.

"Mke wangu," akasema, "amka. Tumefika."

Mlio ukakatika. Nyayo zikapita karibu naye, nyayo bila mtu, mwendo anaoujua, mguu wa pedeli ukiburutwa kidogo. Mlango ukafunguka, ukajifunga.

"Nani kapita hapa?" dada aliuliza uani. Mganga alijishika kichwa.

Kitandani macho yakafumbuka, yakamtazama mhudumu kwa upole, kama mtu anavyomtazama mtumishi.

"Hiki ndicho kituo changu?" ikauliza sauti nzito ya kiume.

Angejibu ndiyo, jini angeshuka, na pale kitandani ingebaki maiti. Ile ganzi ikamrudia, ikianzia vidoleni. Akamvutia shuka mabegani, akalinyoosha vizuri.

"Bado, mheshimiwa," akasema. "Endelea kulala."